Ng'ombe wa Mahari Aliyerudi Kinyumenyume

Tumukunde wa Bugarama hutengeneza filamu bila kamera. Hupita nyumba kwa nyumba akiomba kaseti za video za harusi za zamani, zilizoota ukungu juu ya makabati, kisha huzikata na kuzigeuza apendavyo. Watu humwita fundi wa kaseti. Yeye hujiita msanii, na hapo hataki utani.

Kazi aliyoipenda kuliko zote ilitoka kwenye kaseti ya Mzee Munyemana, mkulima wa mpunga, na mkewe Primitive, waliooana miaka ishirini na mitano iliyopita. Aliiendesha harusi nzima kinyumenyume. Tamasha moja la Kigali lilishaikubali, ila lilitaka saini za wenye harusi. Bila saini, jasho la mwaka mzima lingekwenda bure.

Basi Jumapili mchana akawaalika kwenye ghala la ushirika, madirisha yamezibwa kwa magunia, picha zikirushwa ukutani. Majirani walijialika wenyewe.

Mwanzoni ilikuwa vicheko tu. Wageni walirudisha bia kwenye chupa, maharusi wakatoka kanisani kisogo mbele. Kisha ng'ombe wa mahari akatoka kwa baba mkwe, mkia mbele, akarudi kwa Munyemana. Kwetu ng'ombe akirudishwa ndoa imevunjika, na kila mtu mle ndani alilijua hilo isipokuwa, yaelekea, msanii wetu.

Munyemana akaruka. "Ule ngombe anaenda wapi? Nilimutoa mbele ya bantu!"

"Mzee, ni sanaa tu," Tumukunde akasema.

"Sanaa gani inabomoa nyumba ya muntu? Zima! Sisinye kitu, saini yangu hupati!"

"Usizime," akasema Primitive.

Kwenye ukuta alikuwa msichana chumbani, asubuhi ya harusi. Mama yake alimvua shanga, akamvua mtandio, mpaka akabaki na kitenge cha kila siku. Wakakaa kitandani wakicheka. Mama huyo alifariki mwaka uliofuata.

"Mama amenipokea," Primitive akasema, machozi yakimtoka wazi. "Anza tena, mutoto wangu."

Waliitazama mara tatu. Kisha Primitive akadai kalamu, akatia saini yake kwa nguvu hata karatasi ikatoboka.

Munyemana aliishika kalamu kama mtu aliyepewa nyoka. "Na mimi nisinye kama bibi yangu alirudia kwabo?"

"Sinya. Kisha ukuje kuniomba tena. Sasa hii mahari ni ngombe mbili."

Ghala zima likapasuka kwa kicheko. Tumukunde hakucheka, alikuwa akiitazama kalamu tu. Mzee akasaini, akavua kofia, akamgeukia mkewe, akamwita kwa jina la mtoto wao wa kwanza.

"Maman Parfait, utanikubali?"

Primitive akamtazama sana. Mara ya kwanza aliulizwa baba yake tu.

"Nitafikiri," akasema.