Fundi aliyepiga marufuku neno "kwenye"

Saa nne asubuhi, Alhamisi. Chini ya ngazi za jengo la ghorofa tatu, ndani ya chumba ambacho mtu mrefu akiingia lazima aiombe dari radhi, mwanamke wa miaka arobaini na saba anapangusa vidole vyake kwa kitambaa kikavu, kimoja baada ya kingine. Mezani mbele yake kuna mashine ya gemu ya mkononi, nyekundu. Bawaba yake moja imevunjika na imefungwa kwa utepe.

Hajaiwasha bado.

"Ngoja kwanza," anasema. "Imengoja miaka tisa, dakika tano haziiui."

Pembeni yake, kwenye kiti cha plastiki (neno hilo "kwenye" litatuletea matatizo baadaye, msomaji, vumilia), amekaa binti wa miaka ishirini, mwanafunzi wa uuguzi. Miguu yake haitulii. Kesho kutwa dada yake anarudi kutoka ng'ambo, na kama ile nyekundu haitawaka leo, binti huyu ana uongo wa miaka tisa wa kueleza.

Wateja humwita fundi huyu Mama Kutoka. Kazi yake ni kuhamisha. Mtu akinunua mashine mpya ya gemu, yeye huchukua gemu zote zilizomo katika ile ya zamani pamoja na sevu zake, yaani kumbukumbu ya pale mchezaji alipofikia, akazifikisha upande wa pili zikiwa nzima. Kwa siku hupokea watu sita au saba, na siku za likizo za shule foleni hufika hadi mlango wa kinyozi.

"Gemu inanunulika," anasema. "Sevu hainunuliki. Sevu ni umri wa mtu."

Ajabu ni kwamba yeye mwenyewe hachezi. "Nilijaribu mara moja. Nikatumbukia shimo la kwanza, nikarudishwa, nikatumbukia tena. Nikasema basi, kila mtu na riziki yake."

Baba yake alikuwa mhamisha nyumba za watu, mwenye mkokoteni na kamba. Kabla ya kunyanyua hata kijiko, mzee alikuwa akimuuliza mwenye nyumba: tunatoka wapi, tunakwenda wapi? Bintiye anasema alilirithi swali hilo, ila alichelewa kulitumia.

Siku hizi hachelewi. Mezani pake kuna vitambaa viwili, cheupe kushoto na kijani kulia. Mteja mwenyewe, kwa mkono wake, huweka mashine ya zamani juu ya cheupe na mpya juu ya kijani. Kisha hutamka kwa sauti: kutoka hii, kwenda hii. Asipotamka, fundi hagusi kitu. Na ukutani, kwa herufi kubwa za rangi ya samawati, pameandikwa: HAPA HATUSEMI "KWENYE". SEMA KUTOKA, SEMA KWENDA.

"Huyu mama mkali kuliko mwalimu wa hesabu," analalamika kinyozi, jirani yake. "Nilimwambia simu yangu imeanguka kwenye kabati. Akaniuliza, imeangukia ndani au imeanguka kutoka juu? Nikamwambia mama, simu imekufa, tuzike kwanza!"

Fundi anacheka mpaka anajipiga paja. Halafu anakuwa mzito. "Acheni wanicheke. Lile neno lina milango miwili. Mtu ametoka kwenye gari, mtu ameingia kwenye gari. Neno ni moja, safari mbili. Mimi niliingia mlango usio wangu."

Ilikuwa hivi. Miaka tisa iliyopita, baba mmoja alimleta bintiye wa miaka kumi na mmoja, mwenye mashine mbili. Nyekundu ilikuwa ya zamani, lakini ilikuwa imefutwa ikang'aa kama mpya. Nyeusi ilikuwa mpya, lakini ilikuwa imeshashikwashikwa njia nzima. Foleni ilikuwa ndefu. Binti akasema, "Shangazi, hamisha mji kwenye nyekundu."

Binti alimaanisha mji uliomo ndani ya nyekundu. Fundi akasikia: peleka mji ndani ya nyekundu. Akaandika tiketi haraka haraka, nambari 214, akaunganisha waya.

Ndani ya nyeusi kweli kulikuwa na mji. Binti alikuwa ameujaribu dakika kumi tu njiani: hema moja na ndoo. Skrini ikauliza: data iliyopo itafutwa, uendelee? "Nikabonyeza ndiyo," anasema fundi, "kama mtu anayeitikia salamu."

Hema moja na ndoo vikaufuta mji mzima.

Mji ule uliitwa Kwetu. Binti na dada yake mkubwa waliujenga kwa miaka mitatu wakipokezana mashine moja, huyu akimwachia yule ujumbe kwenye ubao wa matangazo uliokuwa katikati ya mji. Miezi miwili kabla ya siku ile, dada huyo, akiwa na miaka kumi na saba, alikwenda kusoma ng'ambo. Mlangoni, na begi mkononi, alimwambia mdogo wake neno moja tu: "Nitunzie Kwetu."

"Angelia ningejua la kufanya," fundi anakumbuka. "Hakulia. Alitazama lile hema muda mrefu, akaisukuma ile nyekundu upande wangu. Akasema, kaa nayo, shangazi. Wakaondoka."

Kila Jumapili dada alipiga simu. Kila Jumapili aliuliza, "Kwetu hawajambo?" Na mdogo mtu akajibu, "Hawajambo, mapera yameiva." Wiki inayofuata mapera yamechumwa. Wiki nyingine daraja limekarabatiwa. Wahenga walisema njia ya mwongo ni fupi, lakini ya huyu binti ilitembea miaka tisa bila hata kupata pancha.

Mpaka jana Jumatano. Dada alikuwa amepiga simu: narudi Jumamosi, niandalie ile nyekundu. Binti akakurupuka, akapita duka hadi duka akitafuta mashine nyekundu ya mtumba. Mpango wake, ukisikia utacheka, ulikuwa kujenga mji wa miaka mitatu kwa siku tatu. Akafika chini ya ngazi, akaita, "Samahani, shangazi, una nyekundu yoyote ya kuuza?"

Fundi akaweka bisibisi chini.

"Watu wote huniita mama," anasema. "Aliyeniita shangazi ni mmoja tu. Nikamwambia mwanangu, wewe ni mia mbili kumi na nne. Ingia ukae."

Kile ambacho binti hakujua ni kwamba ile nyekundu haikuwahi kuuzwa wala kuchinjwa vipuri, ingawa wengi waliililia skrini yake. Siku ile ile ya kosa, fundi aliichomoa memori kadi yake, akaitia katika bahasha, akaandika juu: USIGUSE. Na tiketi akaiacha ukutani, penye msumari wa kazi zinazosubiri. Misumari iko miwili, huo na wa kazi zilizokwisha. Tiketi 214 haijawahi kubanduka.

"Kufuta si kuchoma nyumba," anaeleza. "Ni kung'oa kibao cha namba mlangoni. Nyumba ipo, ila tarishi haioni. Balaa ni pale unapoandika kitu kingine juu yake. Hapo umejenga kwenye, ptuu! umejenga juu ya kiwanja cha watu."

Akaanza kujifunza kufukua. Alitengeneza nakala ya kadi nzima, kisha akafanyia kazi nakala, asiiguse asili. Mwaka wa nne akapata vipande viwili kati ya vitatu vya ule mji. Cha tatu kikamtesa miaka mitano. Mwezi uliopita, fundi mmoja wa kamera, mzee anayefufua picha zilizofutwa, akampa siri: usitafute jina la faili, tafuta sura yake. Akakipata ndani ya wiki moja.

Mbona hakumtafuta mwenye mali? Alijaribu. Namba ya baba iliyokuwa nyuma ya tiketi ilishabadilika. Na kulikuwa na jambo jingine, analisema akitazama vidole vyake: "Niliogopa. Sevu iliyofukuliwa ina wivu, lazima ifunguke kwanza ndani ya mashine ilikozaliwa ndipo ihamishike. Betri ya kuifaa imefika Jumanne hii. Ikikataa leo, mimi sina pengine pa kwenda."

Anabonyeza. Taa ndogo inawaka kijani. Binti anashika mdomo. Jina la gemu linatokea, muziki unaanza, halafu skrini inasema: data haisomeki.

 Hata mashine ya kinyozi, mlango wa pili, imezimwa.

"Basi, shangazi," binti anasema taratibu. "Umejitahidi. Nitamwambia ukweli."

"Hebu nyamaza." Fundi ameinama mpaka pua inakaribia kugusa skrini. Anasoma pembe ya juu, palipo na tarehe. Ghafla anapiga meza kwa kiganja, vibano vinaruka. "Saa! Saa yake imerudi mwanzo! Betri ilikufa, ikasahau mwaka. Inadhani bado haijauzwa, itakubalije mji ambao haujajengwa?"

Anarekebisha siku, mwezi, mwaka. Angeweza kuweka tarehe yoyote iliyo baada ya kosa lile. Anaweka ya leo. "Mji una haki ya kujua umekaa peke yake muda gani," anasema.

Anabonyeza tena.

Muziki. Mawingu. Kisha herufi zinajipanga moja moja katikati ya skrini: KARIBU TENA KWETU.

Jamani! Binti anapiga yowe, anamrukia fundi, kiti cha plastiki kinakwenda chini. Kinyozi anaingia mbio na mkasi mkononi, nyuma yake mteja mwenye nusu ya kichwa kilichonyolewa na shuka shingoni. "Imewaka?" "Imewaka!" Mteja yule, ambaye hajui lolote linaloendelea, naye anapiga makofi. Mwandishi wa makala haya alikuja na kalamu ya kuandikia, akajikuta anaitumia kupigia meza.

Majani yameota mpaka milangoni, lakini nyumba zote ziko: ya binti yenye paa la manjano, ya dada yenye paa la zambarau, daraja, kisima, ubao wa matangazo. Binti anatembea na machozi yanamdondoka kidevuni. Anafika shambani. Anasimama.

"Mbona machungwa?"

"Machungwa nini?" fundi anauliza.

"Miti yote ni machungwa." Anarudi nyuma, anazunguka kisima, anarudi tena. Uso unamshuka. "Mungu wangu. Shangazi, hatukuwahi kupanda mapera."

Jumamosi, saa tano, dada mkubwa anainama kuingia chini ya ngazi. Begi lililo mkononi mwake bado lina karatasi ya safari. Ana miaka ishirini na sita. Anasalimia, "Shikamoo, fundi," kisha anaonyeshwa nyekundu. Anafungua. Anatembea mji mzima. Mbele ya ubao anasoma kwa sauti ujumbe wake wa mwisho, wa asubuhi ile ya safari: "Mdogo wangu, mwagilia. Usile machungwa yote."

Mdogo mtu hawezi kuvumilia tena. "Dada, nilikudanganya. Mji ulifutika baada ya miezi miwili tu. Yale mapera..."

"Nilijua."

"Ulijua lini?"

"Jumapili ya kwanza. Mapera yameiva! Mapera ya wapi, wewe?"

"Sasa mbona uliendelea kuniuliza miaka yote tisa?"

Dada anajifuta macho kwa kiganja. "Ulikuwa unausimulia vizuri. Kule nilikuwa peke yangu. Kila Jumapili nilitaka kujua Kwetu tumevuna nini."

Wanashikana pale pale, katikati ya chumba kisichotosha watu watatu, na fundi anageukia ukuta akijifanya anatafuta waya.

Kazi ilikuwa haijaisha. Binti anatoa mkobani ile mashine nyeusi, ambayo hakuwahi kuiuza, na anasema kwa furaha yake yote, "Shangazi, sasa tuhamishe kwenye..."

"We!" Fundi, kinyozi aliyesimama mlangoni na mwandishi wa makala haya wamesema kwa pamoja.

Binti anacheka, anaweka nyekundu juu ya kitambaa cheupe, nyeusi juu ya kijani. "Kutoka nyekundu. Kwenda nyeusi." Skrini inauliza swali lake lile lile la kufuta. Safari hii fundi analisoma lote kwa sauti, neno kwa neno, dada wote wawili wakiitikia ndiyo, ndipo kidole kinashuka. Dakika nne baadaye Kwetu iko ndani ya nyeusi, na machungwa yake yote.

Kuanzia mwezi ujao Mama Kutoka anapanda ghorofani, chumba chenye dirisha. Kila Jumapili atafundisha mafundi wenzake kufukua sevu, bila malipo. Wanane wamekwisha jiandikisha. Kabatini ana bahasha nyingine kumi na tisa zilizoandikwa USIGUSE, makosa ya mafundi wengine waliyomletea kwa siri.

"Kila bahasha ina mtu anayedanganya mahali," anasema. "Nataka kabla sijazeeka huu msumari wa kusubiri niung'oe kabisa."

Akina dada wameshuka barabarani, wanagombania zamu ya kushika. Fundi anainua mkono, anabandua tiketi 214 ambayo karatasi yake imekuwa ya kahawia. Ni mwandiko wake wa miaka tisa iliyopita: hamisha mji kwenye nyekundu. Kabla ya kuitungika kwa msumari wa pili, anachukua kalamu, analikata neno moja, na juu yake anaandika: kutoka.