Mama Aliyetaka Kurudi Kupiga Kura

Wakati ule wa vita, treni ya Kamina haikuwa na siku yake. Nilikuwa kwenye foleni ya tiketi stesheni wakati mama mmoja mbele yangu, mkimbizi kutoka Kabondo-Dianda, alipoomba tiketi ya kurudi kwao. Alikuwa amesikia redioni kwamba kutakuwa na uchaguzi.

"Mama, kule vita inakaribia," karani akamwambia. "Ungoje, utachagula hapa Kamina."

"Hapa? Nikichagula hapa, nitabachagulia bantu bengine mukubwa wabo. Kura yangu iko kule."

Karani akacheka kidogo. "Zamani njo mulikuwa munachagula kweli? Jina lilikuwa moja. Karti ya kijani ni ndiyo, nyekundu ni hapana, na askari anasimama pembeni ya ile nyekundu."

Mama hakukasirika. Alikaza kitenge kiunoni, polepole, kama mtu anayejiandaa kwa safari.

"Ni kweli, jina lilikuwa moja," akasema. "Na nilitembea kwa miguu kutoka mashamba, mutoto mu mugongo. Sasa kama majina iko mbili, sitakimbia kwenda kuchagula?"

Sisi wa mjini husema watu wa vijijini hupiga kura kwa sababu wameamriwa. Sijui huyu aliamriwa na nani.

Treni haikuja siku ile, wala uchaguzi haukufanyika wakati ule wa vita. Sisi wengine tulirudi nyumbani. Yeye alitandika mkeka pale pale stesheni, akakaa akitazama upande wa Bukama, reli inakoelekea kwao.