Ndama Hajaambiwa

Gunnvor Bakketun hakuwahi kuwadanganya watoto, na tabia hiyo ilitutesa sote tuliofanya kazi naye. Mbweha akimla sungura, alisema amemla. Kuna mzazi aliwahi kuja juu kwamba mwanawe amegoma kula baada ya kuoneshwa utumbo wa kindi aliyekutwa amekufa njiani. Gunnvor akamjibu, "Kesho mpe uji, atakula tu." Mzazi akaondoka amenuna. Mimi ndiye niliyebaki kumpigia simu na kumbembeleza.

Alifundisha katika chekechea yetu ya Kvernbekken tangu usichana wake. Hakuolewa, aliishi na kaka yake Torgeir katika nyumba ya wazazi wao, wakigombana kuhusu kuni kuanzia vuli, majani yanapopukutika, hadi theluji inapoyeyuka. Kila siku ya kazi, mvua inyeshe au barafu igande, aliwavalisha watoto sufu na mabuti akawaingiza msituni. Sisi huku kaskazini hatungoji hali nzuri ya hewa, tukiingoja tutazeekea ndani. Aliwaonesha kinyesi cha sungura na cha kulungu, akawafundisha kunusa gome lililokwaruzwa kwa pembe, na kulala kifudifudi kimya mpaka mnyama mwenyewe aamue kutokea.

Mwaka ninaousema walimpata elgi jike na ndama wake. Elgi ni mrefu kuliko farasi, ana pua iliyolegea na miguu kama ngazi, na bado anaweza kusimama kati ya misonobari usimwone. Watoto walijificha nyuma ya gogo pembeni ya kinamasi wakamtazama ndama akinyonya. Kuanzia hapo hawakutaka kuoneshwa kitu kingine. Yule jike alikuwa na sikio lililochanika, wakamzoea kama wanavyomzoea jirani.

Katika kundi hilo alikuwemo Sunniva, mtoto wa miaka mitano. Mama yake, Ragna, alikufa kwa saratani mwezi Machi, hospitalini mjini. Baba yake, Eivind, akamwambia mtoto kwamba mama amesafiri. Kisha akaja kwetu, akamkuta Gunnvor kwenye korido akipanga mabuti.

"Gunnvor, nakuomba, usimwambie kitu. Nitamwambia mwenyewe, akikua kidogo."

"Akiniuliza je?"

"Hatakuuliza."

"Mtoto huyo ananiuliza mpaka kupe wanalala wapi!"

"Nakuomba, jamani," akasema Eivind, akaanza kulia palepale katikati ya mabuti madogo.

Gunnvor akakubali. Na kweli Sunniva hakuuliza. Kila ilipofika saa ya kuchukuliwa alisimama dirishani akiitazama barabara, na gari la baba yake lilipoingia alichungulia kwanza kiti cha mama yake, pembeni ya dereva. Mimi, mpishi wao, nilikuwa nageuka upande wa jikoni nisione.

Vuli ikaja, na pamoja nayo msimu wa kuwinda elgi. Kijijini kwetu mnyama akishaletwa kwenye banda la kuchinjia, watoto wa chekechea huenda kumwona. Wanaushika moyo, wanapuliza mapafu kwa bomba yakavimba, wanacheka. Nyama hiyohiyo wataila majira yote ya baridi, kwa hiyo hakuna anayeona ukatili. Wawindaji nao wana sheria moja ambayo hata mlevi haivunji: ukimkuta mama na mtoto, unampiga mtoto kwanza. Ndama asiye na mama theluji humshinda.

Siku moja ya msimu huo, Torgeir na wenzake wakiwa mawindoni, ukungu ulishuka ghafla. Torgeir alimwona jike, akadhani yuko peke yake, akafyatua. Ndama alikuwa kichakani nyuma yake. Wawindaji walimwona alipokuwa anakimbia tu. Walimtafuta na mbwa mpaka giza likaingia, wakarudi mikono mitupu. Maneno ya jioni hiyo Gunnvor alinisimulia mwenyewe.

"Dada, kesho usiwalete watoto."

"Nimeshawaahidi."

"Basi waambie ni elgi mwingine. Watajuaje?"

"Kwa sikio lake. Wanamjua kuliko unavyomjua wewe."

"Una roho ngumu, wewe mwanamke!"

"Umeua wewe, halafu nidanganye mimi?"

Asubuhi tukaenda. Elgi alikuwa ananing'inia kwa miguu ya nyuma, na Eivind, ambaye naye ni mwindaji wa kundi la Torgeir, alikuwa anamchuna. Torgeir alisimama mlangoni akitazama mabuti yake. Watoto waliliona sikio, wakamtambua, kisha mmoja akasema, "Kumbe ulimi wake mrefu kuliko wa Torgeir!" na wote wakacheka, hata Torgeir akajaribu.

Sunniva hakucheka. Alikuwa ananyoosha kidole kwenye kiwele, palipokuwa panadondoka matone meupe.

"Maziwa yake hayo," akasema. "Mtoto wake yuko wapi?"

Eivind akaacha kuchuna.

"Yuko msituni," Gunnvor akajibu.

"Na nani?"

"Peke yake."

"Anajua mama yake amekufa?"

"Sidhani. Alishtuka akakimbia."

"Kwa hiyo anadhani mama yake kamkimbia?"

Gunnvor akamtazama Eivind. Sijapata kumwona Gunnvor akimwomba mtu kitu kwa macho, ila siku ile.

"Pengine anamsubiri," akasema hatimaye.

"Mpaka lini?"

Eivind aliweka kisu mezani, akajifuta mikono kwenye suruali, akamtoa mwanawe nje. Mlango ulikuwa wazi. Tulimwona akipiga magoti kwenye kokoto akisema naye, viganja amevificha nyuma kwa sababu vilikuwa bado na damu. Sunniva alimsikiliza hadi mwisho. Kisha akaanza kumpiga kifuani kwa ngumi, akampiga na kumpiga, na baba yake hakujikinga.

Kesho yake nilijua Sunniva hatakuja. Akaja kabla ya wenzake, mabuti kayavaa kinyume.

"Twende kinamasini," alimwambia Gunnvor. "Yule ndama hajaambiwa."

Tukaenda wote, na mimi nikafunga jiko nikafuata. Sheria ya Gunnvor msituni ilikuwa kunong'ona, na alikuwa mkali nayo. Sunniva alipanda juu ya gogo, akaweka mikono mdomoni.

"Wee ndamaaa! Mama yako hakukukimbia! Amekufa!"

Akangoja. Hakuna kilichotikisika.

"Hakutaka kukuacha! Amekufa tu!"

Watoto wengine nao wakaanza kupiga kelele, kila mmoja na lake. Mmoja alikuwa anamwelekeza ndama kwenye rundo la majani makavu nyumbani kwa Torgeir, akale. Gunnvor hakuwanyamazisha. Alikaa chini kwenye majani yaliyolowa, akalia mbele yao bila kujificha.

Sunniva akashuka, akamwendea.

"Akiwa mbali sana, anasikia?"

Gunnvor akajifuta pua kwa glovu.

"Sijui," akasema. "Kweli sijui, mwanangu."

Sunniva akafikiri kidogo, akapanda tena juu ya gogo, akaita kwa sauti kubwa zaidi.