Familia Kumi na Moja Kati ya Kitale na Bungoma

Siku ya kwanza niliyoingia ofisi ya mkuu wa wilaya pale Kitale nilikuwa nimevaa viatu vya kuazima, na kichwani sina kitu ila Kiingereza cha shule ya misheni. Karani mkuu, Mgoa mmoja, Mhindi mwembamba aliyefunga tai hata siku ya joto, hakuniuliza jina. Alinipeleka moja kwa moja mbele ya ramani iliyotundikwa ukutani, akaweka kidole juu ya rangi ya waridi.

"Hapa ni kwetu," akasema. Kisha akakisogeza kidole upana wa ukucha tu, kikaangukia rangi ya kijani. "Hapa si kwetu. Barua ya watu wa huku ikija, usiijibu. Irudishe."

Nilidhani anatania. Upana ule wa ukucha ulikuwa ni kijito ambacho mtoto angeweza kukivuka bila kulowesha kaptura. Lakini kwa miaka yangu yote kazini, kijito kile kilinisumbua kuliko mlima wa Elgon wenyewe.

Ninyi vijana mmezaliwa nchi ikiwa na mipangilio mingine, kwa hiyo nieleze kidogo. Nchi iligawanywa mikoa, na kila mkoa ulikuwa na PC, yaani mkuu wa mkoa. Mkoa uligawanywa wilaya, na juu ya wilaya akakaa DC. Chini yake walikuwapo maofisa wa tarafa, tuliowaita DO, kisha machifu, kila chifu na lokesheni yake. Upande wa Bungoma, chini ya chifu kulikuwa na mzee aliyeitwa mlango, kwa sababu amri zote zilipita kwake kuingia vijijini. Mwanzoni nilicheka niliposoma barua isemayo "mlango ameugua homa." Baadaye nilizoea.

Sasa hapa ndipo mambo yalipochanganyika. Kitale ilikuwa mkoa wa Rift Valley, na PC wetu alikaa Nakuru. Bungoma ilikuwa mkoa wa Nyanza, ikiwa chini ya DC wa Kakamega, naye alikuwa chini ya PC wa Kisumu. Upande wa Kitale ulikuwa mashamba ya masetla wa Kizungu, nao walikuwa na baraza lao la kuamua habari za barabara na madaraja. Upande wa Bungoma ulikuwa rizavu, ardhi ya wenyeji, wenye baraza lao lililokutana mbele ya DC. Mtu mweusi aliyeishi Kitale hakuwa na baraza lolote. Alihesabiwa kuwa mgeni aliye kazini, hata kama kitovu chake kilizikwa pale. Mimi mwenyewe nilizaliwa katika shamba la setla karibu na Kiminini, ambako baba yangu alikuwa skwota, akilima kijisehemu kwa malipo ya kazi yake, lakini kipande changu, yaani kitambulisho cha kazi, kiliandikwa kwamba kwetu ni Kiambu. Kiambu sikuwa nimewahi kuikanyaga.

Nilipandishwa kuwa karani mkalimani. Kazi yangu ilikuwa kukaa kati ya DC na raia, kugeuza Kiswahili kuwa Kiingereza na Kiingereza kuwa Kiswahili. DC wa wakati huo alikuwa mtu wa haki kwa kadiri alivyoielewa haki. Hakupiga kelele. Alipenda majibu mafupi. Mtu akisimulia sana, aliniangalia mimi, si yeye anayesimulia, na mimi nilijifunza kufupisha.

Siku moja, mwishoni mwa miaka ya arobaini, setla mmoja alileta malalamiko kwamba kuna watu wamejenga kwenye ardhi yake kando ya kijito. DC akaamuru mzee wao aitwe. Akaja mwanamume wa makamo, koti lake limefungwa vifungo vyote hadi shingoni, kofia mkononi. Jina lake Makokha. Alikuwa Mkristo, mkulima wa mahindi na wimbi. Kiswahili kilikuwa lugha ya pili kwake, na kwangu pia.

"Muulize wametoka wapi," DC akaniambia.

"Mzee Makokha, Bwana DC anauliza mlitoka wapi."

"Sisi tulivuka, bwana kalani. Tulitoka ng'ambo. Wote, familia kumi na moja."

Nikamgeuzia DC: wanasema walivuka kutoka upande wa pili, familia kumi na moja. DC akaandika.

"Nani aliwaruhusu?"

"Si ni serikali? Serikali ilituambia tuvuke, tukavuka. Halafu huu mto nao ukatufuata."

Mto ukawafuata? Nilijiuliza kama nimesikia vizuri, nikataka kumwuliza tena, lakini DC alikuwa ameshaanza kuniangalia kwa yale macho yake. Nikasema, "Anadai serikali iliwaambia." Habari ya mto sikuitaja. Niliona ni maneno ya mzee aliyetishwa na ofisi.

Makokha alituangalia kwa zamu, mimi na DC, akitafuta nyusoni mwetu dalili kwamba neno lake limefika. Kisha akaambiwa aende.

Barua niliipiga chapa mimi mwenyewe: kwamba familia kumi na moja za rizavu zimekiri kuvuka na kuingia ardhi ya mashamba, na wenzetu wa Bungoma waombwe kuwachukua watu wao. Barua hiyo haikuvuka kijito. Ilikwenda Nakuru, Nakuru wakaituma Kisumu, Kisumu wakaiteremsha Kakamega.

Kabla haijafika mwisho wa safari, nilihamishwa. Ofisi ya DO wa Bungoma ilikuwa na upungufu wa karani, na mimi nikaazimwa mkoa mwingine. DO alikuwa kijana mwekundu wa uso, mwepesi wa miguu, aliyejaribu kusema Lubukusu, lugha ya wenyeji, na kuchekwa sokoni Malakisi bila kukasirika. Wiki yangu ya tatu pale, aliniita.

"Kuna barua ya ajabu kutoka Kitale," akasema. "Wanataka kutupatia watu ambao hatuwajui. Jibu kwamba watu walioko ng'ambo ya kijito ni wa Kitale, si wetu."

Niliitazama. Ilikuwa barua yangu. Hata herufi iliyoruka ya ile taipu ya Kitale niliitambua. Nilikaa nikaijibu, nikijikanusha mwenyewe kwa lugha ya heshima, na jibu likaondoka kupitia Kakamega, Kisumu na Nakuru. Niwaambie kweli: siku hiyo sikujua tena mimi ni karani wa nani.

Jibu lilipofika Kitale, walichoka kuandikiana. Wakatoa amri ya kuwahamisha. Nakala ilitufikia siku ya Jumatano: Jumanne inayofuata, nyumba zote zilizoko kando ya kijito upande wa mashamba zitabomolewa. DO alisoma mara mbili, kisha akachukua kofia yake.

"Twende tukaone hawa watu wasio na mwenyewe."

Tulikwenda kwa gari lake hadi njia ilipoishia, tukatembea. Tulifika mahali penye bonde jembamba lisilo na maji, mawe ya mviringo yamejaa chini, matete makavu kandokando. Makokha alikuwa amesimama upande wa pili wa bonde hilo. Alinitambua, akavua kofia.

"Kijito kiko wapi?" DO aliniuliza. Nikamwuliza Makokha.

Akageuka, akaonyesha mgongoni kwake, mbali kidogo, nyuma ya mahindi. "Sasa kinapita kule. Zamani kilipita hapa mliposimama. Mimi nilikwambia Kitale, bwana kalani. Masetla walipopimiwa mashamba yao, tuliambiwa tuvuke tuje rizavu. Tukavuka, tukajenga hapa. Halafu mwaka wa mvua ile kubwa mto ukahama. Ukatupita, ukatuacha huku."

Nilitazama mawe, nikatazama mahindi, nikajaribu kuugeuza ulimwengu kichwani. Sisi tulikuwa tumesimama rizavu, na yeye pia alisimama rizavu. Lakini kwa kuwa maji yalikuwa yamehama...

Hapana. Nimekosea tena, hata leo nikisimulia nakosea. Ngoja nianze upya. Maji mapya yalikata upande wa rizavu, nyuma ya nyumba zao. Kwa hiyo, kufika kwao tulikuwa tumezunguka kwa njia ya mashamba, na pale tuliposimama, kwenye ukingo wa bonde kavu, tulikuwa upande wa Kitale. Yeye alikuwa rizavu, mahali alipoambiwa na serikali akae. Watu wale hawakuwa wamevuka kuingia mashambani. Walikuwa wamevuka kutoka mashambani, miaka mingi nyuma, kwa kutii amri. Aliposema ng'ambo, alisema akiwa amesimama kwake. Mimi niliisikia nikiwa nimesimama Kitale.

Nikamweleza DO yote. Nikamwambia pia kwamba mzee aliutaja mto, na mimi sikuutafsiri.

"Kwa nini?"

"Sikuelewa, bwana."

"Na usipoelewa, huulizi?"

Alitembea kwenye yale mawe huku na huku. Kisha akasema kwamba ataandika kwa DC wake Kakamega, lakini barua haitafika Kitale kabla ya Jumanne. Tuliporudi ofisini alipiga simu Kitale, akaambiwa jambo hilo liletwe kwa njia yake ya kawaida. Mwishowe akanitazama.

"Mimi sina mamlaka ya kukutuma mkoa mwingine," akasema. "Lakini Jumatatu sitakuuliza uko wapi. Unajua wanaweza kukufukuza kazi?"

"Najua, bwana."

Jumatatu nilipanda lori la magunia nikafika Kitale mchana. Karani mkuu aliponiona alifunga rejista kwa kishindo.

"Wewe si wetu tena. Karani wa Bungoma hana shauri hapa."

"Mwambie Bwana DC nimekuja kama mkalimani wake wa zamani. Kuna ushahidi niliutafsiri nusu."

Aliniangalia kama aliyeona mtu anajivua nguo barabarani. Lakini aliingia. Nilipoitwa ndani, DC alikuwa na faili mezani.

"Soma," akasema. Nikasoma maneno yangu. "Sasa tafsiri sawasawa." Nikatafsiri, na habari ya mto nikaitaja. Nilingoja anifukuze.

"Watu wangapi wameadhibiwa katika ofisi hii kwa nusu zako?" akauliza.

Nikasema sijui. Na kweli sikujua. Swali hilo ndilo lililonikata maini, maana nilianza kuwakumbuka, mmoja mmoja, wote niliowafupisha.

Hakunifukuza. Aliahirisha ubomoaji, na Ijumaa yeye na DO wakakutana kwenye lile bonde kavu, kila mmoja na askari kanga wake, wale askari wa utawala, kila kundi upande wake. Walipeana mikono juu ya mawe. Ilikuwa mara ya kwanza kuonana, ingawa barua zao zilikuwa zimezunguka kwa miezi. Walikubaliana kwamba mpaka ni mahali mto ulipokuwa siku ramani ilipochorwa, si mahali maji yanapotaka kupita. Vigingi vikapigwa.

"Familia ngapi?" DC akauliza.

Nilisoma kutoka kwenye faili. "Kumi na moja, bwana."

Makokha aliniangalia. Alifungua mdomo, akaufunga. DC akaandika kwamba familia kumi na moja zibaki zilipo, akatia sahihi, DO naye akatia sahihi. Hawakupanda hadi kwenye nyumba. Jua lilikuwa kali, na kila mmoja alikuwa na safari ndefu.

Nilifanya kazi miaka mingi baada ya hapo. Niliona mikoa ikibadilishwa, wilaya zikigawanywa, Bungoma ikipata DC wake, na rangi za ramani zikipakwa upya. Kila nilipochoka na kazi hii nilijifariji kwa zile familia kumi na moja. Nilijisemea, hata kama niliwaumiza wengine, hao nimewaokoa.

Nilipostaafu nilikwenda kuwaona. Makokha alikuwa ameshafariki. Mkewe, Mama Nanjala, alinipokea kwa chai na viazi vitamu, akaniita shemeji ingawa hatuna undugu. Nilimwuliza habari za majirani. Akawataja, na mimi nikahesabu kimoyomoyo. Alipofika saba akanyamaza.

"Na wengine wanne, mama?"

"Wale? Wale hawakungoja, shemeji. Kabla ya ile Jumanne ya kubomolewa waling'oa mabati na milango yao wenyewe, Jumapili, baada ya kanisa. Wakapitia Cheptais, wakavukia Lwakhakha, wakaingia Uganda. Hatujawaona tena."

"Lakini Ijumaa ile mimi nilisoma kumi na moja. Mzee alinisikia. Kwa nini hakusema?"

Mama Nanjala akanimiminia chai nyingine kwanza. "Aliogopa ukiandika saba, serikali itachukua viwanja vya wale wanne. Akasema wacha iandikwe hivyo hivyo, watarudi. Mpaka anakufa alikuwa akiwalimia."

Alinyoosha mkono kunionyesha. Kati ya migomba yake na kile kijito palikuwa na mashamba manne, yamepaliliwa vizuri, mahindi yamefika kifuani, na hakuna nyumba hata moja.