Mpima Asiyelowa Miguu

Nimewaona wapima ardhi wa miji mingi, na wengi wana tope hadi magotini. Huyu viatu vyake viling'aa. Kwa miaka ishirini na miwili alipima ufuo wa mji wake maji yakiwa yamekupwa tu, na kwenye ramani zake eneo la mikoko aliliandika kwa mwandiko mzuri: ardhi kavu. Ofisini walimsifu kwa usafi wa kazi.

Kwa ramani hizo kampuni moja ilimwaga kifusi juu ya mikoko na kusimamisha maghorofa manne. Kwa ramani hizo hizo yeye alimshauri mama mkwe wake ajenge jirani. Kukavu kabisa, alimwambia. Maji ya kumwagilia maua utayatafuta kwa tochi.

Miaka sita baadaye ikatoka amri: mpaka wa hifadhi ya mikoko upimwe upya siku za bamvua, bahari inapojaa kupita kawaida. Nyumba itakayoangukia upande wa maji ivunjwe, mwenyewe ahamishwe. Mkubwa wake alimkabidhi vigingi na, kwa huruma, mabuti ya mpira.

Siku hiyo maji yalifika kwenye kifusi cha maghorofa, yakakosa pa kupita, yakageukia kwa mama mkwe. Mpima aliyafuata hadi ndani. Jiko lilikuwa juu ya matofali. Kitanda nacho juu ya matofali. Ndipo alipoelewa kwa nini kila bamvua mama alituma ujumbe kwamba kichwa kinamuuma, wasije.

Lakini alikwishaamua. Kigingi angekichomeka nje ya uzio, upande wa bahari, nyumba ipone. Ramani zake zilikuwa zimedanganya bila yeye kujua. Uongo mmoja wa makusudi, wa kumsitiri mama, ungemdhuru nani?

Mama mkwe alimkuta uani.

"Mkwe wangu, hicho unakipeleka wapi?"

"Nje kidogo, mama. Hawatakugusa."

"Miaka sita nalala na kaa chini ya kitanda, nisikuaibishe kwa mkeo. Leo serikali imekuja kunitoa, wewe unanifungia mlango?"

Akamnyang'anya kigingi, akakigongea kwa mchi nje ya mlango wa sebuleni, upande wa barabara, maji yalipoishia baada ya kupita nyumba nzima. Mpima akaandika vipimo. Maghorofa, kwa kuwa kifusi kiliyainua, yalibaki nchi kavu kihalali.

Fomu iliuliza mhamishwa atakaa wapi.

"Andika kwako," mama alisema. "Chumba cha mbele. Na mkeo utamwambia mwenyewe."