Ukwaju wa Mshenga

Hapa Korogwe nasifiwa kwa ushenga, maana najua kupanga maneno. Basi juzi nilifuatana na mpwa wangu kupeleka posa yake kijijini Kang'ata, na sikupanga hata neno moja.

Nilikuwa nimefunga choo siku kadhaa. Mke wangu akaloweka ukwaju usiku, asubuhi akauchuja na kutia asali. "Kikombe kimoja kinatosha," alisema. Mimi na pupa yangu nikamaliza jagi zima.

Njia nzima tumbo lilitulia. Lilingoja tukae mkekani, baba wa binti ataje mahari: ng'ombe wanne. Hapo hapo likaamka. Nikasimama bila kuaga, nikatoka mbio uani, nikampita bibi yake binti bila hata shikamoo.

Niliporudi, watu wote walikuwa wakinong'onezana.

"Mshenga, usitususie," baba wa binti alisema kwa upole. "Tumeshauriana. Basi wawe wawili."

Kumbe walidhani nimekasirika! Nikakunja uso, nikakaa taratibu kama mtu anayejilazimisha kusamehe. Mpwa wangu alinitazama kwa macho ya shukrani.

Mara yule bibi akachungulia mlangoni, kopo la maji mkononi.

"Mwanangu, nimekujazia jingine. Kwa ngurumo nilizozisikia kule chooni, lile la kwanza halikukutosha."

Mkeka mzima ukaangua kicheko. Baba wa binti alicheka mpaka akajifuta machozi.

"Kumbe lilikuwa tumbo!" akasema. "Basi ng'ombe ni wanne."