Mkulima Asiyejua Kukamua

Mzee niliyemuuguza Riyadh, niliyemwita Baba, alikuwa daktari aliyesomea Austria ujanani, na uzeeni hakutaka kutazama kitu ila filamu za huko, za miaka ile ya baada ya vita. Mimi sikuelewa hata neno. Nilikaa naye kwa sababu ndiyo iliyokuwa kazi, miguu ikiniwaka moto tangu alfajiri.

Katika filamu hizo alikuwamo mwigizaji mmoja ambaye kila mara alikuwa mkulima. Hakuwa nyota. Aliingia na uma wa nyasi, akasema maneno mawili, Baba akacheka, basi akatoka. Siku moja wakampa ng'ombe amkamue. Hakuosha kiwele, hakupaka mafuta, akazivuta chuchu kwa vidole viwili kama mtu anayeng'oa magugu. Mimi niliyekulia Nyandarua, ndoo ya maziwa mkononi, nikashindwa kunyamaza.

"Baba, huyu hajui kitu! Ng'ombe wetu angemrusha ukutani."

Akataka nimwonyeshe. Nikajaza maji glavu ya mpira niliyomwogeshea, nikatoboa vidole kwa sindano, nikamkamulia kwenye bakuli. Alicheka hadi akakohoa. Akaniambia mwigizaji yule alikuwa mtu wa mjini kabisa, ila watu wa filamu walimwona ana uso wa shamba, wakamnyima suti maisha yake yote.

Ningejua, ningeuma ulimi. Tangu siku hiyo Baba hakula ila kwa mkono wangu. Mkataba wa miaka miwili ukaisha. Kule nyumbani mama yangu, aliyekuwa akinilelea mwanangu, akapooza upande mmoja. Nilipoomba ruhusa, madam, mke wa mwana wa Baba, akasema, "Mafi, hakuna ruhusa. Baba atalishwa na nani?" Baba alipohamishiwa Jeddah kwa binti yake, nikabebwa pamoja na masufuria.

Kafili wangu, yaani mdhamini wangu kisheria, alikuwa Baba mwenyewe. Bila sahihi yake sikuweza kutoka nchini. Nikamweleza habari za mama nikiwa nimepiga magoti, namvisha soksi.

"Halas, basi," akasema. "Mwanangu anakuja Alhamisi na karatasi. Nitatia sahihi. Nenda ukamwone mama yako."

Akafa Jumatano, baada ya chai.

Karatasi zangu zikabaki kwenye jina la marehemu, zikachukua miezi minane kuhamishiwa kwa mwanawe. Sikumuwahi mama akiwa hai. Lakini siku ile ya msiba wa Baba nilijitupa sakafuni nikalia kuliko binti zake, na wageni wakanisifu: tazameni mtumishi huyu alivyompenda. Niliwachukia kwa maneno hayo. Nilikuwa naililia Alhamisi. Hata hivyo mikono yangu ilikuwa bado inanukia sabuni yake, na mpaka leo siwezi kuapa kwamba hakuna hata chozi moja lililokuwa lake.